Nuru inayokata kona

Haya basi, leo tuweke kando programu za wateja tuzungumzie jiwe. Wachezaji wa Minecraft, mchezo wa tarakilishi uliotoka rasmi mwaka wa 2011, wanalijua. Katika ulimwengu wa chini uitwao Nether kuna mawe yanayoning'inia juu darini, yanang'aa yenyewe bila moto.

Kinachonishangaza ni mwendo wa nuru yake. Jiwe lenyewe lina nuru ya 15. Mchemraba wa jirani hupata 14, unaofuata 13, hivyo hivyo hadi 0. Penye ukuta nuru huzunguka, ikakata kona kama maji mferejini. Fizikia tuliyosoma yasema umbali ukiwa mara mbili, mwanga hubaki robo. Hapa kila hatua hupunguza moja tu.

Mbona hivyo? Namba 0 hadi 15 hutosha katika biti 4. Nuru ya mawe na mienge biti 4, ya anga biti 4: jumla baiti moja kwa mchemraba, na michemraba ni mamilioni.

Mpwa wangu hajasoma fizikia, lakini akijenga nyumba huko juu kwa mawe hayo huhesabu hatua, maana mazimwi huzuka gizani. Hesabu yake haimwangushi.

Kazini mimi husukumwa nifanye kila kitu kifanane na dunia halisi. Siku hizi nauliza kwanza: mtumiaji atategemea nini? Afadhali sheria ndogo isiyomgeuka kuliko uhalisia asioweza kuubashiri. Wewe waonaje?