Kamera Ilipotufuata Baharini



Sisi ni wanawake sita wa kijiji kimoja cha pwani ya mashariki ya Unguja, na starehe yetu ni kuogelea. Watu hutucheka: mtu mzima, ana watoto nyumbani, anafuata nini majini? Mama zetu waliingia baharini kulima mwani, lakini maji yakifika kifuani walirudi. MV Spice Islander ilipozama Septemba 2011, kisha MV Skagit Julai 2012, tukaona kujua kuogelea si mchezo. Tukaanza, siku ambazo bahari imejaa asubuhi, baada ya sala ya alfajiri, na suruali zetu, magauni marefu na vilemba.

Mwaka jana wakaja wageni na kamera. Walikuwa wakitengeneza filamu ya makala kuhusu watu wenye starehe zisizo za kawaida. Tulifurahi, wallahi. Tulikumbuka Zanzibar Soccer Queens, filamu ya Florence Ayisi ya mwaka 2007 kuhusu timu ya mpira ya Women Fighters, ambamo wanawake wa hapa hapa wanajisemea wenyewe.

Siku ya pili wakatuomba tuseme kuwa waume zetu wanatukataza. Mume wa mkubwa wetu ndiye aliyemfundisha kuelea, amemshika kisogo kwenye maji ya magotini! Mume wa mwengine alikataa kwanza, akaja akaridhia, hilo hawakuliuliza. Kisha wakataka kutupiga tukitoka majini, nguo zimetuganda mwilini. Hapo tulitazamana. Mdogo wetu alikuwa mchumba wa mtu, harusi yake baada ya Idi.

Jioni tulikaa barazani tukawapa masharti manne: tujifunge kanga kabla ya kupigwa, uso wa mdogo wetu usionekane, tusisemeshwe yasiyo yetu, na tuione filamu kabla haijatoka. Matatu waliyakubali. La nne walilikataa. Watatu kati yetu wakajitoa, watatu tukaendelea.

Filamu ilipotoka, stara yetu ilikuwa salama, alhamdulillah. Ila msimulizi anasema tunaogelea kwa siri. Siri gani, na muuza mihogo anatungojea pale pale ufukweni kila tukitoka? Neno moja tu, lakini limetuuma, na hatuna pa kulifutia. Waliojitoa hawajatucheka. Walisema tu, sharti lililokataliwa ndilo lililokuwa na maana.

Bi harusi mtarajiwa, nawe kamera inakuja kwako. Kabla mpiga video hajaingia chumbani unakopambwa, muulize: nani atazishika picha, zitakwenda wapi, na nitaziona kabla ya watu? Uliza mapema, mbele ya mama au shangazi yako. Kusema "hapana" siku ya shughuli ni kuzito.

Sisi bado tunaogelea. Mdogo wetu kaolewa, na sasa anakuja na wifi yake.

Allah atujaalie stara duniani na akhera. Amin.