Binti Naye Ni Mtoto

Mama mwenzangu, mwaka 2012 nilimsindikiza mgonjwa hadi Vellore, kusini mwa India, katika hospitali iliyoanzwa mwaka 1900 na daktari wa kike, mmisionari Ida Scudder. Kwenye mlango wa chumba cha ultrasaundi niliona tangazo: hapa hatuelezi jinsia ya mtoto aliye tumboni.

Nilimwuliza muuguzi mmoja, dada wa Kerala, sababu yake.

"Sista, ni sheria ya mwaka 1994," alinijibu. "Wapo ambao wakijua ni msichana, huitoa mimba."

Alinieleza kwamba kwao mahari hutoka kwa wazazi wa binti kwenda upande wa mume: fedha, dhahabu, hata gari. Sheria iliikataza tangu mwaka 1961, lakini wengi bado huitoa kwa jina la zawadi. Ndiyo maana mzazi mwenye mabinti watatu hukosa usingizi.

Hata hivyo maisha yanabadilika. Mama yake hakumaliza shule. Yeye ana diploma, anaishi bwenini mbali na kwao, na mshahara wake ndio unaomsomesha mdogo wake.

Kisha akanisimulia habari za Mary Roy, mwalimu na mama mtalikiwa wa Kerala. Wakristo wa makanisa ya kale ya huko walifuata sheria ya mwaka 1916: binti alirithi robo ya fungu la kaka yake, au rupia 5,000, kile kilichokuwa kidogo zaidi. Mary Roy alikwenda mahakamani, na mwaka 1986 Mahakama ya Juu ya India ikaamua kwamba binti na kaka yake warithi sawa.

"Lakini wengi wetu tunawaachia kaka zetu," aliongeza, "tusije tukakosa pa kwenda siku ya shida."

Nilinyamaza. Mimi nami, baba alipofariki, kaka zangu waligawana shamba nami nikasema tu, "Nimeolewa, nina kwangu." Moyoni niliumia, na sikumwambia mtu.

Niliporudi nilizungumza na baba watoto. Haikuwa rahisi, maana alihofia maneno ya ukoo. Ilichukua miezi. Mwishowe tuliandika wosia, na majina ya binti zetu wawili yamo pamoja na la kaka yao, kwa mafungu sawa.

Sheria inaweza kufungua mlango, lakini nyumbani ni sisi tunaomwambia binti aingie. Wewe je, umeshazungumza na mwenzio?