Maua Meupe Nusura Yavunje Harusi Kisiwa Panza

Picha yenyewe ilikuwa ya kawaida kabisa. Mdada kakaa kwenye mkeka barazani kwa bibi yake, mikono kainyoosha mbele maana hina bado mbichi, na kichwani kapangiwa asumini mstari kwa mstari. Mdogo wake akampiga picha, akairusha kwa mchumba, naye mchumba akaituma kwa mamake, Nanjing. Pemba ilikuwa saa 12 jioni, China saa 5 usiku. Zimebaki siku 3 ndoa ifungwe.

Usiku ule hakukuwa na jibu. Hakuna ua, hakuna moyo, hakuna hata kidole gumba. Asubuhi mchumba akapiga simu kutoka Mkoani, sauti imepoa.

"Mama anauliza, nani kafa?"

Turudi nyuma kidogo. Mdada ni mtoto wa Kisiwa Panza, kile kisiwa cha kusini mwa Pemba ambacho ukitoka Mkoani unakwenda mpaka Chokocho halafu unapanda boti. Alipata nafasi ya kusoma China, akatua Nanjing, na huko ndiko alikokutana na kijana wa watu. Kijana akasilimu, akaja kuposa na wazee, mahari yakatajwa. Wambeya walijaribu kusema sema, lakini bibi aliwazima mapema. Mkoani Wachina si wageni. Madaktari kutoka jimbo la Jiangsu, ambalo Nanjing ndio mji wake mkuu, wanakuja Zanzibar tangu 1964, na Hospitali ya Abdulla Mzee imejengwa upya kwa msaada wa China. Bibi mwenyewe alishatibiwa na mmoja wao. "Kama mkono wake ulinifaa mie," alisema, "mwanawe anashindwaje kumfaa mjukuu wangu?"

Kwa hiyo ndoa haikuwa na tatizo. Tatizo lilikuwa rangi.

Mama mkwe hakuweza kusafiri, ila alikuwa kwenye simu kila siku, mwanawe akitafsiri. Ombi lake la kwanza lilikuwa nyekundu. Harusi ya Kichina bila nyekundu ni kama pilau bila viungo: nyekundu ndiyo heri, ndiyo furaha, ndiyo bahasha za pesa wanazopewa maharusi. Hapo bibi alicheka tu, akaingia ndani, akatoka na kisutu. Nyekundu, nyeusi na nyeupe, kanga ya biharusi wa pwani tangu enzi za bibi zake. Mama mkwe akaipenda, ila akauliza, hiyo nyeusi ya nini? Bibi akajibu, "Mwambie bila nyeusi hiyo nyekundu asingeiona." Likapita.

La pili lilikuwa kijani, na hili lilichekesha kijiji kizima. Kaka zake mdada walimshonesha shemeji yao kofia nzuri ya viua, uzi wa kijani mtupu, wakijua wamempa heshima. Kijana kuiona tu masikio yakamwiva. Kwao mwanamume akivaa kofia ya kijani ni kama kajitangaza kwamba mkewe ana mchepuko. Kaka mtu alipoelewa alicheka mpaka akakaa chini, kisha akaenda kutafuta kofia nyingine ya uzi wa dhahabu. Ile ya kijani wakagombania wenyewe.

La tatu likawa maua. Kule ua halichaguliwi kwa uzuri tu, linachaguliwa na kwa jina lake. Yungiyungi linapendwa kwa sababu jina lake linakaribiana na maneno ya kuwatakia maharusi maelewano ya miaka mia. Peoni ni ua la utajiri na heshima. Mama mkwe alitaka peoni nyekundu, na Pemba nzima utaipata wapi peoni? Mpambaji akaagiza za plastiki kutoka mjini Unguja. Boksi lilipofunguliwa, chini limeandikwa limetengenezwa China. Yaani maua yamevuka bahari yote hiyo, yakapanda na boti ya Chokocho, kuja kumfurahisha mtu aliyebaki hukohuko yalikotoka.

Bibi akalichukua moja, akalinusa, akalirudisha bokisini.

"Halinuki. Ua lisilonuka la nini?"

Na hapo ndipo walipopishana hasa. Wachina wanaangalia ua lina rangi gani na linaitwaje. Pemba ua ni harufu. Ndiyo maana biharusi anasingwa kwa singo yenye asumini, langilangi na mawaridi, ndiyo maana anavaa kikuba cha asumini na mrihani, na kitanda kinamwagiwa maua. Hata umkute biharusi gizani, utajua ni biharusi.

Basi wakakubaliana. Peoni za plastiki zikae ukutani nyuma ya kiti cha biharusi, pamoja na yale maandishi ya Kichina ya karatasi nyekundu, herufi ya furaha iliyoandikwa mara mbili ikabanana ikawa moja. Maua ya kweli yakae mwilini. Kila mtu akaona mambo yameisha.

Ndipo ikatumwa ile picha.

Kwa mila za zamani za kule, mwanamke kuvaa ua jeupe kichwani ni alama ya matanga. Nyeupe ndiyo rangi ya msiba. Mdada alijitetea: mbona siku hizi maharusi wa Nanjing wenyewe wanavaa shela jeupe la Kizungu kabla ya kubadili nguo nyekundu? Mchumba akasema shela ni sawa, limeshazoeleka. Ua jeupe kwenye nywele ni kitu kingine, mama anaogopa nuksi. Anaomba yatolewe, yawekwe mekundu.

Mpambaji akasema yeye yuko tayari, mekundu yapo. Mama mdogo akasema mkwe asichukizwe kwa vijiua tu. Kwenye lile group la kamati watu wakagawanyika: wengine "mila yetu kwanza", wengine "dada, ndoa ni kuvumiliana, toa hayo maua".

Mdada hakujibu mtu. Alitoka akaenda nyuma ya nyumba, kwenye mwasumini.

Ule mti ulipandwa na mamake. Alifariki mdada akiwa bado anasoma huko huko Nanjing, na hakuwahi kuja kuzika. Kila mtu kwenye kamati alikuwa analijua hilo, ila kwenye pirikapirika za sare na bajeti hakuna aliyelikumbuka. Mti wenyewe haukuwa na hali nzuri. Kisiwa Panza bahari inapanda, maji ya chumvi yameshaingia mpaka kwenye mabonde ya mpunga, na upande wa mwasumini ulioelekea pwani majani yalishaanza kukauka. Asumini zilizokuwa kwenye ile picha bibi alizichuma jioni hiyo zikiwa bado tumba, kutoka upande ulio hai.

Akampigia mchumba.

"Mwambie mama kauliza swali zuri. Aliyekufa ni mama yangu. Maua ni ya mti wake. Hakuwepo kunipamba, ndiyo haya yamenipamba. Akitaka niyatoe nitayatoa, lakini kwanza ajue ninatoa nini."

Kijana alinyamaza, kisha akasema nipe muda kidogo.

Jibu lilikuja baada ya adhuhuri, ujumbe wa sauti. Mama mkwe hakuanza na maneno. Alikuwa anaimba kwa sauti ya chini, wimbo ambao mdada aliwahi kuusikia mara nyingi Nanjing, Mo Li Hua. Tafsiri ya jina lake ni ua la asumini. Ni wimbo wa watu wa Jiangsu, na ua hilo ndilo ua la jimbo lao. Kumbe kwenye picha aliona weupe tu. Hakujua ni ua gani, kwa sababu harufu haitumwi kwa simu.

Akamalizia kwa ombi moja: asumini zibaki, ila zitungwe kwa uzi mwekundu.

Bibi aliposomewa tafsiri alikaa kimya, akajifuta uso kwa ncha ya kanga. "Uzi si lazima uwepo? Basi nipeni huo mwekundu. Na mwambieni mkwe wangu Mungu amlipe."

Siku ya kumtoa biharusi, mdada alikaa kwenye kiti na kisutu chake, peoni za plastiki nyuma, asumini kichwani, na ukimsogelea unaona uzi mwekundu unapita katikati ya tumba nyeupe. Simu iliegemezwa kwenye mto ili mama mkwe aone. Kwenye kiganja alishika kikuba alichokitunga mwenyewe kwa maua ya Nanjing, kimepinda pinda, kinakaribia kuachia. Wanawake walipokiona walipiga vigelegele mpaka mtandao ukakatika.

Wiki iliyofuata mdada na mumewe walikata vijiti vitatu vya ule mwasumini, wakavipanda upande wa juu wa kijiji, mbali na maji ya chumvi. Viwili vimeshika.

Swali linabaki kwako msomaji. Wakwe wamekuomba utoe kitu cha marehemu mama yako siku ya harusi yako, na wao hawajui ni cha nani. Ungetoa kimyakimya ili amani iwepo, au ungesema?