Makubadhi ya Bibi

Pune, India



 Bibi, makubadhi uliyoniagiza ukiwa huko Pangani nimeyapata. Kabla sijafika kwenye bei, nikusimulie kwanza safari moja, maana imenijaza maneno kifuani na mengine yanakuhusu wewe.

Juma lililopita mwenzangu wa darasani alinichukua kwenda kwao, Mahad, mji mdogo ulio chini ya milima ya Sahyadri, upande wa baharini. Basi lilishuka kona juu ya kona, roho ikanipanda kooni. Mjini kuna bwawa wanaloliita Chavdar, maana yake lenye maji matamu. Mimi niliona bwawa tu: ngazi za mawe, maji ya kijani, sanamu ya mtu aliyevaa suti na miwani. Mwenzangu alivua viatu.

Huyo wa sanamu ni Bhimrao Ambedkar. Alizaliwa mwaka 1891 katika jati ya Mahar. Jati ni tabaka ambalo mtu huzaliwa nalo na hufa nalo, na Mahar walikuwa miongoni mwa wale walioitwa najisi, wasioguswa. Shuleni Satara alikalia gunia alilotoka nalo nyumbani. Bomba la maji hakuruhusiwa kuligusa, sharti tarishi amfungulie, na tarishi asipokuwapo mtoto alishinda na kiu. Mtoto huyo alikuja kusoma Columbia, Marekani, kisha London. Akarudi Bombay kufundisha chuoni, na baadhi ya walimu wenzake wakalalamika kwamba anakunywa maji ya mtungi wao.

Mtungi, Bibi! Nikaukumbuka wako wa barazani na kata yake ya kifuu. Mpita njia yeyote alikunywa, mvuvi, mchuuzi, hata yule kichaa wa sokoni, nawe ulitukaripia tukisahau kuujaza.

Cha ajabu ni kwamba sheria ilikuwa tayari upande wa hao walioitwa najisi. Baraza la Bombay liliamua mwaka 1923 kwamba visima na mabwawa ya umma ni ya wote, na mwaka uliofuata mji wa Mahad ukaridhia. Lakini nani angethubutu kushuka zile ngazi? Ng'ombe walikunywa, mbuzi walikunywa. Tarehe 20 Machi 1927 Ambedkar aliongoza watu wake kwa maelfu, akashuka, akainama, akateka kwa kiganja, akanywa. Nao wakanywa. Saa chache baadaye walivamiwa kwa marungu. Kisha wakubwa wa mji wakayatakasa maji kwa vyungu 108 vya samadi, mkojo wa ng'ombe, maziwa na mtindi. Yaani samadi iliingia bwawani kusafisha kiganja cha mtu. Kesi ikaunguruma hadi Mahakama Kuu ya Bombay, na haki ikatoka mwaka 1937. Miaka kumi kwa funda la maji.

Baadaye India ilipopata uhuru, huyohuyo ndiye aliyeongoza kamati iliyoandika rasimu ya katiba, na kifungu cha 17 kikafuta jambo la kumwona mtu najisi. Kuandika ni kuandika. Mwenzangu anasema viko vijiji ambako chai ya watu wake bado hutiwa kwenye vikombe vya pembeni. Wao wenyewe hujiita Dalit, waliopondwapondwa, na kwa sensa ya mwaka 2011 jati zilizohesabiwa humo zina watu zaidi ya milioni 200, takriban mara tatu ya Watanzania wote.

Sasa nije kwenye kiatu. Wewe ndiye uliyenifundisha kwamba Banyani mbaya, kiatu chake dawa. Kumbe hilo neno letu Banyani limetokana na vania, jati ya wafanyabiashara wa Gujarat, nasi tukawabandika Wahindi wote. Na kiatu chenyewe vania hakishoni. Kumwondoa ng'ombe aliyekufa, kumchuna na kulainisha ngozi ni kazi waliyosukumiwa Dalit, na kazi hiyohiyo ndiyo inayotajwa kuwa sababu ya unajisi wao. Mwaka 2016 huko Una, Gujarat, vijana wa Kidalit walifungwa kwenye gari na kuchapwa hadharani kwa sababu ya kuchuna mzoga. Wenzao wakagoma. Wakaibeba mizoga wakaimwaga mbele ya ofisi ya serikali Surendranagar, kila mtu amzike ng'ombe wake. Nilicheka nilipohadithiwa, halafu nikaona aibu kucheka.

Hata kijaluba chako cha tambuu kimo katika habari hii. Ile katu unayotafuna na popoo hutokana na mti uitwao khair, na katika wilaya ya Raigad, uliko mji wa Mahad, wako Wakatkari, watu wa msituni waliopata jina lao kwa kuipika. Waingereza waliwaandika katika orodha ya makabila ya wahalifu, kana kwamba mtoto huzaliwa na wizi. Msitu ukawekewa masharti, kazi ya katu ikafa. Siku hizi wengi hupokea fedha za kutangulizwa, wakahama na watoto wao kwenda kufyatua matofali hadi mvua zirudi. Ipo sheria ya mwaka 2006 ya kuwarudishia wenyeji haki zao za msitu. Wakatkari hao tuliwapita njiani, matanuru yakifuka moshi, na basi halikusimama.

Hapa utasonya, lakini nitasema. Mwaka 1936 Ambedkar aliandaa hotuba kuhusu kuvunja jati, waliomwalika Lahore wakaiogopa, wakaufuta mkutano, akaichapisha kwa fedha zake. Humo alisema kula pamoja hakutoshi, dawa hasa ni kuoana. Nikamkumbuka yule fundi majahazi aliyemposa shangazi. Mliuliza ukoo wake, mkaambiwa babu yake alikuwa mtwana kwenye shamba la minazi, posa ikarudishwa. Maji ya kata yako alikunywa miaka yote, na hata baada ya posa kurudi aliendelea kupita na kunywa. Shangazi hakuolewa tena. Mwenzangu aliponiuliza kama kwetu kuna jati nilisema hakuna, upesi sana, na sijalala vizuri tangu siku hiyo.

Makubadhi nimeyanunua hapa Pune kwa mzee anayeyashona mwenyewe, ngozi ya nyati wa kufugwa, uzi wa ngozi vilevile. Ni mtindo wa Kolhapur, yatalia kidogo mwanzoni, uyapake mafuta ya nazi. Bei sikupunguziwa, nami sikubembeleza. Wakati akiyamalizia alimtuma kijana alete chai. Ilipofika akaisogeza karibu yangu, akaniuliza kama nitakunywa. Sikumsikia vizuri, akauliza tena.

Nilikunywa. Tangawizi ilikuwa nyingi mno.

Mjukuu wako.