Neno "Kila" Katika Hesabu

Watu wengi hudhani ya kuwa mtoto akiisha kukariri jedwali la kuzidisha, amekwisha kujua kuzidisha. Sisi waalimu twaona sivyo. Wako watoto darasani mwetu waimbao 7 mara 8 ni 56 pasipo kusita, lakini wakipewa hesabu hiyo hiyo kwa maneno, kalamu husimama, nao huuliza, "Mwalimu, hii ni ya kujumlisha au ya kuzidisha?"

Tazameni mfano huu: Mkulima ana magunia 8, na kila gunia lina madebe 6. Je, ana madebe mangapi kwa jumla? Mtoto aona 8, aona 6, kisha aona neno "jumla". Mara hujibu 14. Kosa lake si la kuhesabu, maana 8 na 6 ni 14 kweli. Ni la kusoma. Amechanganya magunia na madebe, kama mtu ahesabuye ng'ombe pamoja na miguu yao.

Kwa hiyo twamwambia aulize kwanza: hizi 6 ni za nini? Ni za kila gunia. Basi na achore gunia la kwanza, atie 6. La pili, atie 6. Hata yatimie 8. Ndipo aonapo mwenyewe ya kuwa kuzidisha ni kurudia fungu moja mara nyingi, na jibu ni 48. Lakini asilishike neno "kila" kama hirizi. Tukimwambia, "Yako madebe 48, kila gunia hupokea 6, yatakuwa magunia mangapi?" hapo ni kugawanya, ingawa "kila" limo. Picha ndiyo imwongozayo.

Mafumbo ya namna hii si mageni katika Afrika. Katika mafunjo yaliyonakiliwa na karani Ahmose huko Misri, yapata mwaka 1550 kabla ya Kristo, imo hesabu ya nyumba 7, paka 49 na panya 343: kila hesabu ni 7 mara ile iliyotangulia.

Mzazi mmoja alitujia akasema, "Mwalimu, mafumbo ya nini? Mfundishe mwanangu namba tu." Mzee huyo alikuwa ameuza magunia 8 ya mahindi kwa lumbesa, yaani yaliyojazwa kupita kipimo, na kila gunia lilibeba debe 1 lisilolipiwa. Bei ya debe ilikuwa shilingi 10,000. Tulimwomba mwanawe alifumbue jambo hilo. Mtoto akachora magunia mchangani kwa kijiti, akasema, "Baba, ni madebe 8. Ni shilingi 80,000." Mzee alizitazama zile alama kitambo, kisha akasema polepole, "Hizo ni sare na madaftari ya mwaka mzima."

Basi, ndugu wazazi, msituachie kazi hii peke yetu. Mama akipanga trei 4 za mayai, na amwulize mtoto ni mayai mangapi, ikiwa kila trei ina 30. Baba akipanda mahindi, na amwulize habari za mistari na mashimo. Akijibu, msimsifu upesi. Mwambieni aeleze amefikaje. Maana sokoni hapana mwalimu wa kuulizwa kama ni kujumlisha au kuzidisha, na mnunuzi hatamwambia.