Luis Buñuel, mukimbizi mwenye hakunyamaza

Wakati vita ya Uhispania ilimalizika mwaka 1939, Luis Buñuel alikuwa Marekani pamoja na bibi yake na mutoto. Upande wake ulikuwa umeshindwa. Kurudi nyumbani ilikuwa hatari. Rafiki yake Ramón Acín, mwenye alishinda feza za tombola na kuzitoa ili Buñuel atengeneze sinema juu ya maskini wa milima ya Las Hurdes, alikuwa amepigwa risasi tangu 1936.

Buñuel alizaliwa Calanda mwaka 1900. Mwaka 1929 alijulikana Paris kwa sinema yenye aliandika pamoja na Salvador Dalí. Lakini jina halilishi jamaa. Kule New York alifanya kazi ya kukata na kupanga sinema za watu wengine. Mwaka 1946 akahamia Mexico. Sinema yake ya kwanza huko haikupendwa, na akakaa tena muda murefu bila kuongoza.

Kisha alitembea miezi mingi katika mitaa ya maskini ya muji wa Mexico, amevaa nguo zilizochakaa, akisikiliza watu. Kutoka humo alipata Los Olvidados, maana yake Wenye Kusahauliwa, ya mwaka 1950. Inaonyesha watoto wa barabarani, wale wenye Goma na Bukavu huitwa maibobo. Mumoja, Ojitos, aliambiwa na baba yake amungojee sokoni. Baba harudi.

Wamexico wengi walikasirika. Walisema mugeni anachafua jina la inchi. Wengine walitaka afukuzwe. Sinema iliondolewa kisha siku chache tu. Lakini mwaka 1951, tamasha la Cannes, Ufaransa, lilimupa zawadi ya muongozaji bora, na sinema ikarudi. Mwaka 2003, UNESCO iliiandika katika Kumbukumbu ya Dunia.

Uhispania alirudi kutengeneza Viridiana, yenye ilishinda Cannes mwaka 1961. Serikali ya Franco ikaikataza. Wahispania waliiona nyumbani mwaka 1977, wakati Franco alikuwa amekwisha kufa. Buñuel mwenyewe alikufa Mexico, mwaka 1983.

Mukimbizi huambiwa kila siku ashukuru na anyamaze. Buñuel alishukuru kwa njia ingine: aliangalia watoto wa inchi yenye ilimupokea kama vile ni wake, akakataa kusema kwamba wanaishi vizuri.