Ng'ombe wa Marfa

Marfa Lapkina hakuwa mwigizaji. Alikuwa mwanamke mkulima wa Urusi, na mwongozaji Sergei Eisenstein alimchagua awe mhusika mkuu wa filamu aliyoianza mwaka 1926 pamoja na Grigori Aleksandrov. Kazi ilisimama kwa muda ili watengeneze filamu ya maadhimisho ya miaka 10 ya mapinduzi, kisha ikamalizika mwaka 1929 kwa jina la Mambo ya Kale na Mapya. Ndani yake anaitwa Marfa vilevile. Filamu haina sauti. Kila neno lake limeandikwa na mtu mwingine.

Niliitazama nikiwa chuo cha theolojia. Ilitengenezwa kwa watu kama sisi, yaani dhidi yetu.

Inaanza na ndugu wanaogawana urithi kwa kukata nyumba ya baba yao katikati kwa msumeno. Marfa hana farasi. Anakwenda kwa tajiri wa kijiji kuazima, anamkuta amenenepa na kulala, anarudi mikono mitupu. Analima kwa ng'ombe wake wa maziwa. Ng'ombe anashindwa, naye Marfa anainua ngumi na kulia kwamba haiwezekani kuishi hivi.

Baadaye unakuja ukame. Makasisi wanaongoza maandamano ya kuomba mvua, picha takatifu zimeinuliwa juu, watu wanasujudu vumbini, kondoo wanahema. Wingu linapita na kwenda zake. Wanafunzi wenzangu walikasirika hapo, wakasema ni kufuru. Mimi niliwaza farasi. Misalaba ile yote barabarani, na mjane au maskini hana mnyama wa kulimia! Yakobo aliandika juu ya jambo hilo katika sura ya pili, wala hakuwa mkomunisti.

Halafu inaletwa mashine ya kutenganisha krimu na maziwa. Wanakijiji wanaizunguka kwa mashaka, inang'aa, tone la kwanza linaning'inia, na maziwa yanapofoka nyuso zinachangamka kama za watu waliopokea sakramenti. Eisenstein mwenyewe baadaye aliifananisha na kikombe kitakatifu cha hadithi za kale. Kwa hiyo ibada haikuondolewa pale. Ilihamishiwa kwenye chuma. Na chuma nacho hakikujibu. Mwaka uleule wa 1929 serikali ilianza kuwasukuma wakulima kwa nguvu katika mashamba ya pamoja, na njaa ya 1932 na 1933 iliua mamilioni.

Katika filamu nzima sala ninayoiamini ni moja, kilio cha Marfa kando ya plau. Mwongozaji hakukusudia kiwe sala. Lakini Zaburi zimejaa kelele za namna ile, na waliozipiga hawakuulizwa kwanza kama wanamwelekea Mungu kwa adabu.

Katika miaka ya ukame, wazee wa usharika huniomba nitangaze siku ya kuombea mvua. Huwa natangaza, kwa sababu naamini Mungu husikia. Ila kabla ya tangazo tunakaa na wazee, tunataja kwa majina nani hana ng'ombe wa kulimia na nani ana jozi mbili zizini. Kikao hicho huwa kirefu kuliko ibada yenyewe, na mara nyingine watu hutoka wamenuna.